Kozi hii ya vijidudu, kwa macho ya mtu ambaye kazi yake ni kuviua

Nyota nne kati ya tano. Ile ya tano nimeibana makusudi, sababu zitaonekana mbele.

Kwanza mjue anayeandika ni nani, maana maoni ya kozi hayana faida kama hujui aliyeisoma alikuwa anatafuta nini. Ninafanya kazi kwenye chumba cha kutakasia vyombo vya hospitali. Mikasi, koleo na visu vikitoka chumba cha upasuaji na damu zake vinakuja kwetu. Tunaviloweka, tunavisugua, tunavikagua kimoja kimoja, tunavifunga na kuviingiza kwenye otoklevu, ile mashine ya mvuke. Sijasomea udaktari wala maabara. Kazi nilifundishwa kwa amri: fanya hivi, usithubutu vile, karatasi ya kipimo isipobadilika rangi rudisha mzigo wote. Amri nimezishika vizuri. Nilichokitaka hapa ni sababu zake.

Kozi ni ya kujisomea, ina moduli nane zenye video fupi fupi, michoro ya kusogeza kwa kidole na maswali mwisho wa kila moduli. Mwalimu ni mmoja mwanzo hadi mwisho. Sauti yake nzuri, lakini ana tabia moja: akifika pagumu anakimbia, akifika parahisi anatembea. Punguzeni kasi ya video kwenye moduli ya tatu na ya tano, mtanishukuru.

Moduli ya kwanza ni historia, na kwa wengi ni ya kupita tu. Yumo Leeuwenhoek na lenzi zake za kutengeneza mwenyewe, aliyeandika mwaka 1676 kuhusu viumbe wadogo aliowaona kwenye maji. Yumo Pasteur na chupa zake zenye shingo iliyopinda, na Koch aliyeshughulika na kimeta mwaka 1876 kisha akatangaza kijidudu cha kifua kikuu mwaka 1882. Niliposimama ni kwa Semmelweis, Vienna, mwaka 1847: aliwaamuru madaktari wanaotoka kupasua maiti wanawe mikono kwa maji yenye klorini kabla ya kuwagusa wanawake wanaojifungua, vifo vya homa ya uzazi vikashuka kwa kiasi kikubwa, na bado wakubwa wengi wakamkatalia. Yeyote aliyewahi kumwomba daktari bingwa arudi akanawe anaelewa habari hiyo bila kuongezewa neno. Nikampenda pia Fanny Hesse. Watafiti wa maabara ya Koch walikuwa wanaoteshea bakteria kwenye jelatini, na jelatini inayeyuka kwenye joto la mwili. Fanny, ambaye mumewe alifanya kazi kwenye maabara hiyo, akapendekeza agari, kitu alichokuwa akikitumia jikoni kwake, kisichoyeyuka kwenye joto hilo. Ilikuwa 1881. Miaka sita baadaye Petri akabuni kisahani chake cha kuoteshea bakteria, na jina lake ndilo kila mtu analitaja hadi leo.

Moduli ya pili inaeleza aina za vijidudu na ukubwa wake. Mchoro wa vipimo ni mzuri sana: unavuta kwa kidole, chembe nyekundu ya damu ya mikromita 7 au 8 (mikromita ni sehemu ya elfu ya milimita) inajaa kioo, pembeni yake bakteria wa mikromita 1 au 2, halafu unavuta sana ndipo virusi vinaonekana, vingi vikiwa chini ya sehemu ya kumi ya bakteria. Lakini hapo hapo mwalimu anasema mwilini mwetu bakteria ni mara kumi ya seli zetu wenyewe. Hiyo ni hesabu ya zamani. Ilipigwa upya na kuchapishwa mwaka 2016, na makadirio yakawa bakteria takriban trilioni 38 kwa seli trilioni 30 za mtu mzima, yaani karibu sawa kwa sawa. Kozi inayotangaza kuwa imesasishwa haina sababu ya kubeba hesabu iliyokwisha kusahihishwa, tena ikaiweka na kwenye mtihani.

Moduli ya tatu ndipo kozi inapoanza kupata uzito. Inaeleza mwili wa bakteria, na badala ya kumwaga majina, inamweka mwanafunzi mbele ya meza ya maabara aangalie upakaji rangi wa Gram, njia iliyobuniwa mwaka 1884 na bado inatumika. Kamera imekaa karibu kabisa na kigae cha kioo. Unaona rangi ya zambarau ikimwagwa, inaachwa, inasuuzwa, kisha inakuja aidini. Halafu inakuja alkoholi, na hapa mwalimu, kwa mara moja, ananyamaza. Matone yanashuka kwenye kingo za kioo yakiwa ya zambarau iliyokolea, yanapauka, yanapauka tena, mpaka tone moja linaanguka likiwa jeupe kama maji, na papo hapo mkono unasuuza. Ukichelewa, hata wale waliotakiwa kubaki na zambarau wanaipoteza. Ukiwahi, kila kitu kinabaki zambarau na hujajua lolote. Mwisho inapakwa rangi nyekundu ya kufidia, na chini ya hadubini kuna vijiduara vya zambarau vilivyojikusanya kama vishada, na vijiti vya waridi vimetawanyika kati yao.

Kisha inaelezwa maana yake. Wa zambarau wana ukuta mnene unaoishika rangi. Wa waridi wana ukuta mwembamba na utando mwingine juu yake. Penisilini inaharibu ujenzi wa ukuta huo, na seli zetu hazina ukuta, ndiyo maana inamuua bakteria bila kutugusa. Na bakteria wa jamii ya Mycoplasma hawana ukuta kabisa, hivyo penisilini kwao haina pa kushika. Sentensi hiyo moja ilinieleza kwa nini daktari anabadilisha dawa kwa mgonjwa ambaye kwa macho yangu ana kikohozi kama cha jirani yake wa kitanda cha pili.

Moduli ya nne, ukuaji na mbegu za bakteria, ni kama iliandikwa kwa ajili ya chumba chetu. Kuna grafu unayoiendesha mwenyewe: unaweka bakteria mmoja, unachagua muda wa kugawanyika, unaachia. Kwa E. coli aliyepata chakula na joto la kumfaa, kila dakika 20 mmoja anakuwa wawili, na baada ya muda wa saa nane yule mmoja ameshavuka milioni 16. Nikaifikiria beseni ya vyombo iliyoachwa imelowekwa usiku kucha kwa sababu zamu imeisha. Kijidudu cha kifua kikuu kinachukua karibu saa 20 kugawanyika mara moja, na hiyo ni sababu mojawapo ya matibabu yake kwenda miezi.

Halafu zinakuja mbegu, au spora kama wanavyoziita kwenye kozi. Baadhi ya bakteria, mambo yakiwawia magumu, hujifungia ndani ya gamba, hawali, hawagawanyiki, na maji yanayochemka hayawatoshi. Kijana mmoja wa mafunzo aliwahi kuniuliza, "Dada, si vimeshachemka hivi, vinarudi kwenye mashine kutafuta nini?" Nilimjibu kwa ukali wa kazi, kwamba kuchemsha si kutakasa, mdogo wangu, weka ndani. Jibu lenye sababu liko hapa. Kuchemka ni nyuzi 100. Otoklevu inaupeleka mvuke kwenye nyuzi 121 kwa dakika 15, au 134 kwa dakika chache, chini ya shinikizo, na huko ndiko mbegu zinakokufa. Hata kile kichupa chetu cha kupimia, tunachokiweka katikati ya mzigo kisha kukiatamisha, nilikuwa nakijua kwa rangi tu: kikibaki zambarau ni salama, kikigeuka manjano simamisha kila kitu. Ndani yake kuna mbegu za Geobacillus stearothermophilus, bakteria anayependa joto kuliko wenzake karibu wote. Wamemchagua mgumu makusudi. Ikiwa yeye amekufa, wengine hawana hoja.

Sasa moduli ya tano, jinsi vijidudu vinavyosababisha ugonjwa. Hata kama kozi nzima ingekuwa hii peke yake, ningeilipia.

Inaanza kwa kutenganisha vitu viwili ambavyo mtaani na hata wodini tunavichanganya: kuwa na kijidudu na kuwa mgonjwa. Inakadiriwa robo ya watu duniani wamewahi kuambukizwa kifua kikuu, na wengi wao hawataumwa maisha yao yote. Kijidudu kipo, kinga imekizingira, mtu anaendelea na shughuli zake. Kwa hiyo swali ni kijidudu hicho kinafanya nini mpaka mwili uharibike. Mwalimu analijibu kwa mifano mizima mizima, anaufuata mfano mmoja mpaka mwisho kabla ya kugusa mwingine. Huo ndio ufundishaji.

Anachukua kipindupindu. Nilidhani bakteria wake wanautafuna utumbo. Hawautafuni. Wanashika juu ya ukuta wa utumbo mwembamba, hawaingii ndani, na wanatoa sumu. Sumu inaingia kwenye seli na kuibana swichi fulani ibaki imewashwa: seli inamwaga chumvi nje bila kukoma, maji yanafuata chumvi, na mgonjwa mahututi anaweza kupoteza hadi lita moja kwa saa. Kuta za utumbo ziko nzima wakati mtu anakauka. Na kwa kuwa ziko nzima, mlango mwingine unabaki ukifanya kazi, ule unaopitisha chumvi pamoja na sukari kwenda ndani ya mwili. Ndiyo siri ya maji ya chumvi na sukari anayopewa mgonjwa: sukari imo kwa sababu chumvi haipiti mlango ule peke yake. Miaka yote nilidhani sukari ni ya kumpa nguvu.

Kisha pepopunda. Bakteria wake anabaki palepale kwenye kidonda, kwenye nyama iliyokufa isiyofikiwa na hewa. Sumu yake ndiyo inayosafiri, inapanda na mishipa ya fahamu hadi uti wa mgongo, na huko inazuia zile ishara zinazoiambia misuli ilegee. Misuli ikakaza yote, taya likafunga, mgongo ukapinda. Mwalimu anaweka pembeni sumu ya botulizimu, ile ya chakula kilichohifadhiwa vibaya, inayokata protini za aina ile ile lakini kwenye ncha za mishipa inayoamrisha misuli ikaze, na matokeo yanakuwa kinyume kabisa: mtu analegea mpaka pumzi inashindwa. Nilirudia video hiyo si kwa kuwa sikuelewa.

Dondakoo nalo lina kisa chake. Mwaka 1888 watafiti Roux na Yersin waliuchuja mchuzi walimooteshea bakteria wake, wakahakikisha hakuna bakteria aliyebaki, wakawadunga wanyama ule mchuzi mtupu, na wanyama wakafa. Sumu peke yake ilitosha. Zaidi ya hapo, bakteria wa dondakoo hana uwezo wa kutengeneza sumu hiyo mpaka awe amebeba jeni lililoletwa na kirusi kinachoshambulia bakteria. Kijidudu kinaumwa na kijidudu, na sisi ndio tunaokufa.

Mfano ulionigusa kikazi ni wa sumu iliyojengwa ndani ya mwili wa bakteria wenyewe, wale wa waridi kwenye rangi ya Gram. Ule utando wao wa nje una mafuta fulani ambayo yakiingia kwenye damu yanaamsha homa kali, na mgonjwa anaweza kushuka presha hadi kufa. Mafuta hayo hayahitaji bakteria awe hai. Otoklevu inamuua bakteria, lakini mafuta yake hayaondoki kwa mzunguko wa kawaida; kuyaharibu kunataka joto kavu la nyuzi 250 kwa nusu saa. Maana yake chombo kinaweza kuwa hakina kiumbe hai hata mmoja na bado kikamtia mgonjwa homa, ikiwa kiliingia mashineni kikiwa kichafu. Kumbe kusugua, kazi inayodharauliwa kuliko zote chumbani kwetu, na ambayo wageni hupewa kama adhabu, haina mbadala. Sehemu hiyo niliwachezea wenzangu kwenye simu wakati wa mapumziko.

Kuna pia habari ya idadi: bakteria 10 hadi 100 wa kuhara damu wanatosha kumwangusha mtu, ilhali wa kipindupindu kwa kawaida wanahitajika kwa mamilioni, kwa sababu asidi ya tumbo inawamaliza wengi. Na ya daktari Barry Marshall, aliyekunywa bakteria wa Helicobacter pylori mwaka 1984 ili aonyeshe kwamba wanavimbisha ukuta wa ndani wa tumbo, akaugua kweli, na mwaka 2005 akapewa Nobeli pamoja na Robin Warren. Mwalimu anaitumia habari hiyo kupima masharti ya Koch, yaani kanuni za kuthibitisha kwamba kijidudu fulani ndicho kinacholeta ugonjwa fulani, ikiwemo kukiotesha maabara, na anaonyesha na yanapokwama: kijidudu cha ukoma mpaka leo hakikubali kuoteshwa kwenye kisahani, na hakuna anayesema hakisababishi ukoma.

Moduli ya sita inaanza vizuri na virusi. Tofauti ya virusi vyenye koti la mafuta na visivyo nalo imeelezwa kwa jaribio rahisi la sabuni, na hapo unaelewa kwa nini virusi vya influenza vinauawa kirahisi na jeli ya alkoholi huku norovirusi, wale wa kutapika na kuharisha, wakiibishia. Baada ya hapo ni aibu. Fangasi wamepewa dakika chache. Vimelea kama wa malaria wamebanwa kwenye ukurasa mmoja ulioandikwa "wengineo". Malaria ni wengineo? Palikuwa na nafasi ya kueleza jinsi Plasmodium falciparum anavyozifanya chembe nyekundu zinate kwenye kuta za mishipa midogo, hata ubongo ukakosa damu ya kutosha. Kwa kozi iliyofundisha kipindupindu kwa ustadi ule, huu ni uvivu.

Ya saba, kinga ya mwili, ni ya wastani. Michoro mingi, mishale mingi, majina ya seli yanayofanana. Nililoondoka nalo ni kwamba sehemu ya madhara ya ugonjwa inatoka kwa kinga yenyewe inapopigana. Usaha ni chembe nyeupe zilizokufa kazini pamoja na vijidudu zilivyoviua. Hilo linatosha.

Ya nane, udhibiti wa vijidudu, nilikuwa naisubiri kuliko zote, na ndiyo iliyonikera. Inasema alkoholi ya asilimia 70 inaua kuliko iliyo karibu safi kabisa, kwa kuwa protini zinahitaji maji ili ziharibike, sahihi. Inasema jeli ya alkoholi haiui mbegu za Clostridioides difficile, bakteria wa kuharisha, kwa hiyo nawa kwa maji na sabuni. Sahihi na ni muhimu. Lakini otoklevu imepewa sentensi mbili: nyuzi 121, dakika 15, basi. Hakuna neno juu ya hewa! Adui mkubwa wa mvuke ni hewa iliyobaki ndani ya mzigo, kwa sababu palipo na hewa mvuke haufiki, na dakika zako 15 zinahesabu bure. Sisi kila asubuhi kabla ya mzigo wa kwanza tunafanya jaribio la Bowie-Dick, la kuangalia kama hewa imetoka yote, kwa sababu hiyo hiyo moja. Hakuna neno juu ya kufunga, juu ya mirija myembamba inayobaki na utando ndani, juu ya pakiti zilizotoka zimelowa. Prioni, zile protini zinazoambukiza ambazo mzunguko wa kawaida hauziwezi, zimetajwa kwa jina tu.

Na kwenye usugu wa dawa mwalimu anasema bakteria "hujifunza kuizoea dawa". Hawajifunzi kitu. Wapo wachache ambao tayari wana kinga hiyo, kwa ajali ya jeni au kwa kupewa kipande cha jeni na mwenzao. Dawa inawaua wengine, wachache hao wanabaki na uwanja mtupu. Jambo hilo si jipya, Fleming mwenyewe, aliyegundua penisilini, alitahadharisha kuhusu dozi pungufu kwenye hotuba yake ya Nobeli mwaka 1945. Kosa dogo la maneno, lakini mgonjwa anayelisikia atadhani ni mwili wake uliozoea dawa, na hiyo imani tayari tunayo ya kutosha.

Maswali ya mwisho wa moduli ni dhaifu kuliko video. Wanauliza Petri alibuni kisahani mwaka gani, badala ya kuuliza kwa nini mgonjwa wa pepopunda anapewa dawa ya kuzuia sumu wakati antibiotiki anazo tayari. Cheti wanachotoa ni cha kumaliza kozi, hakimfanyi mtu kuwa fundi wa maabara, na wao wenyewe wamelisema hilo wazi, nimewaheshimu.

Wauguzi, wafanya usafi wa wodi, walimu wa sayansi, wazazi wenye maswali, itawafaa. Mwanafunzi wa udaktari ataimaliza haraka na kutaka zaidi. Mtu mpya akiletwa chumbani kwetu nitampa moduli ya nne na ya tano asome kabla hajagusa brashi. Ya nane nitamfundisha mwenyewe, mbele ya mashine.